Bahla: Mji wa Fiqhi Unaouzwa kwa Hadithi za Majini

  

Imeenea katika miji mikongwe ya dunia biashara ya matembezi ya usiku. Wageni hukusanywa baada ya jua kutua, hushikishwa taa, kisha huongozwa kwa miguu katika vichochoro huku wakisimuliwa habari za wafu, mizimu na nyumba zisizokalika. Katika nchi za Magharibi hayo huchukuliwa kuwa ni burudani tu. Lakini matembezi ya namna hiyo yakifanywa katika mji wa Waislamu, yakataja majini, uchawi na watu waliokufa, basi yameingia katika milango ya itikadi, ya sharia na ya tarehe. Ni haki yetu kuyapima kwa mizani hiyo.

Mji tunaoukusudia ni Bahla, bara ya Oman, kiasi cha kilomita 200 kutoka Maskati na si mbali na Nizwa. Ni mji wa mitende na maji ya falaji ukingoni mwa jangwa, chini ya Jabal Akhdar. Una ngome kubwa ya matofali ya udongo juu ya misingi ya mawe, na ukuta wa udongo unaouzunguka kwa kiasi cha kilomita 12. Ulistawi chini ya Banu Nabhan, waliotawala Oman ya ndani tangu karne ya 12 hadi mwisho wa karne ya 15. UNESCO iliuingiza katika orodha ya urithi wa dunia mwaka 1987. Mwaka uliofuata ukaingizwa katika orodha ya urithi ulio hatarini, kwa kuwa ngome ilikuwa ikiporomoka, na haukutolewa humo mpaka mwaka 2004, baada ya kazi ndefu ya ukarabati.

Yanayosimuliwa njiani

Nilipokwenda kuwazuru jamaa zetu wa Oman wenye kuzungumza Kiswahili, niliifuata safari moja ya jioni iliyoongozwa na kijana wa huko. Tulikuwa watu kumi na watano hivi: Wazungu, Waarabu wa miji mingine, na familia moja ya Kiomani. Tuliondoka baada ya Maghribi.

Tumtendee haki kiongozi wetu. Alikuwa na adabu, sauti yake nzuri, njia anaijua. Alitusimamisha mahali pazuri pa kuiona ngome. Lakini katika muda wa saa moja na nusu, kila kituo kilikuwa na jini wake. Ukuta, alisema, ulijengwa na majini kwa usiku mmoja. Mti wa sokoni ulifungwa mnyororo ili majini wasiondoke nao. Msikiti ulioko kilimani uliruka angani ukatua pale. Wachawi wa Bahla hugeuza watu wanyama. Mwishoni kijana mwenziwe alijificha nyuma ya ukuta, akatutokea kwa ukelele ili watu washituke, na kweli wakashituka, na mtoto mmoja akalia. Katika Sunan za Abu Daud imepokewa kwamba Mtume (s.a.w.) alikataza Muislamu kumtisha Muislamu mwenziwe, na sababu yake ilikuwa mzaha mdogo kuliko huo.

Ubishi hauko katika kuwepo kwa majini

Ndugu msomaji, asije mtu akadhani kwamba tunakanusha majini. Kuwepo kwao kumethibiti kwa Qur'ani, na ipo sura nzima yenye jina lao. Suala ni tunawaamini vipi. Katika Sura ya Saba, aya ya 14, Mwenyezi Mungu anatueleza kwamba Nabii Suleiman (a.s.) alikufa naye ameegemea fimbo yake, na majini waliendelea na kazi ngumu bila kujua. Lau wangeijua ghaibu wasingebaki katika taabu ile. Na katika Sura ya Al-Jinn, aya ya 6, imetajwa kwamba wanadamu waliojikinga kwa majini hawakupata ila kuzidishiwa tabu. Na katika Sahihi Muslim Mtume (s.a.w.) amekanusha ghuli, na wanazuoni wakafafanua kuwa kilichokanushwa si jini mwenyewe, bali uwezo ambao Waarabu wa jahiliya walimpa, wa kujigeuza sura na kuwapoteza wasafiri jangwani.

Hii ndiyo njia ya kati: tunaamini aliyotuambia Mola wetu na Mtume wake, na zaidi ya hapo hatusemi bila ya dalili. Neno khurafa lenyewe, asili yake husemwa kuwa ni jina la mtu wa kabila la Udhra, aliyedai kuwa alichukuliwa na majini. Akarudi na visa vya ajabu, watu wasimsadiki, na jina lake likawa ndilo jina la kila kisa kisichosadikika. Riwaya inayomtaja ina maneno katika isnadi yake, lakini lugha imeihifadhi maana.

Kilichofichwa: mji wa wanazuoni

Kosa la kwanza la matembezi haya ni yale yasiyosemwa. Katika saa moja na nusu hatukutajiwa hata mwanachuoni mmoja wa Bahla.

Huu ndio mji wa Abu Muhammad Abdallah bin Muhammad bin Baraka Al-Bahlawi, mwanachuoni wa Kiibadhi wa karne ya 4 ya Hijria, mwenye Kitab Al-Jami', kitabu kinachojenga fiqhi juu ya usuli na dalili. Aliyesoma kwake ni Abu Al-Hasan Al-Bisyawi, naye ana Jami' yake inayojulikana. Na sisi wa pwani ya Afrika Mashariki tunalijua jina la mji huu, hata kama hatujaukanyaga. Nasir bin Salim Al-Ruwahi, maarufu kwa jina la Abu Muslim Al-Bahlani, mshairi mkubwa na kadhi aliyeishi Zanzibar na akafariki mwaka 1920, nisba yake ni ya Bahla. Ndiye aliyeanzisha gazeti la Kiarabu la Al-Najah hapo Zanzibar mwaka 1911. Mtalii wa Kizungu anaweza kusamehewa kwa kutoyajua haya. Kijana wa Bahla anayelipwa kuutambulisha mji wake hana udhuru huo.

Na ukuta je? Kilomita 12 za udongo zilisimamishwa kwa mikono ya watu walioukanda, wakaupanga, wakautengeneza kila ulipoharibiwa na mvua. Ni desturi ya zamani Oman kuwapa majini kazi za wanadamu. Falaji zenyewe, zile zichimbwazo chini ya ardhi, huitwa daudi, kwa kisa kwamba Suleiman bin Daud aliwaamuru majini wachimbe mifereji elfu kumi kwa siku kumi. Lakini waliosifika kwa kuchimba falaji ni watu, na kabila la Awamir ni mashuhuri kwa kazi hiyo, wakiingia ardhini kwa kamba na nyundo. Msimulizi akimpa jini ukuta, amewanyang'anya mafundi jasho lao na dua ya wanaopita.

Tuhuma bila ya ushahidi

Kosa la pili ni zito zaidi. Kusema kwamba mji fulani ni mji wa wachawi ni kuwatuhumu Waislamu wengi, walio hai na waliokufa, kwa dhambi iliyotajwa na Mtume (s.a.w.) miongoni mwa mambo saba yenye kuangamiza. Tuhuma hiyo inahitaji ushahidi. Sura ya Al-Hujurat imetukataza dhana, imetuamrisha kuhakikisha habari, na imetuzuia kuitana kwa majina ya kejeli.

Na tazama kinaya cha mambo. Mwaka 272 Hijria (886) Imamu Al-Salt bin Malik aliondolewa katika uimamu baada ya kutawala Oman miaka 35. Wanazuoni wakagawanyika juu ya waliomwondoa: je, wanastahiki kupendwa kwa ajili ya dini, ndiyo walaya, au kujitenga nao, ndiyo baraa, au kusimama bila ya kuhukumu? Mjadala huo ukadumu vizazi kwa vizazi, na Ibn Baraka alikuwa kinara wa upande wa Rustaq. Uwe pamoja naye au dhidi yake, ufahamu walichokuwa wakikibishania: ni kwa ushahidi gani Muislamu huhukumiwa? Mji uliomtoa mtu wa mjadala huo leo unahukumiwa wote kwa kicheko cha watalii.

Nabii Suleiman mwenyewe, aliyetiishiwa majini, alizuliwa kuwa ni mchawi, na Mwenyezi Mungu akamtakasa katika Sura ya Al-Baqara, aya ya 102. Basi yatosha kuwa funzo. Wapemba wanaosoma makala hii wanaujua uchungu wake, kwani nao kisiwa chao kimebandikwa jina hilo hilo, wakati ni kisiwa cha mahafidhi na vyuo. Na huko Usukuma, vikongwe wameuawa kwa macho yao kuwa mekundu tu. Maneno ya kuchekesha huanza kama burudani, na hayajulikani yatakapoishia.

Kisa cha waliopotezwa, na hukumu ya aliyepotea

Sasa tuje kwenye jambo lililonifanya nishike kalamu. Kiongozi wetu alisimulia juu ya wale wanaoitwa Oman mughayyab: mtu huonekana amekufa, akazikwa, kumbe, wanasema, mchawi amemchukua na kumfanya mtumwa wake. Wasomaji wa Tanzania watatambua mara moja kwamba huyo ndiye tunayemwita msukule.

Bibi mmoja wa ile familia ya Kiomani akauliza kwa sauti ya chini kama aliyepotezwa hupata kurudi. Kiongozi akajibu kuwa hurudi wakati mwingine, lakini akifika huwa na harufu ya mbuzi. Watu wakacheka. Yule bibi hakucheka. Akauliza tena: baada ya miaka mingapi?

Swali lake halikuwa la mzaha, nalo lina jawabu katika fiqhi. Al-Bayhaqi amepokea katika Sunan zake kwamba zama za Umar bin Al-Khattab (r.a.) mtu mmoja wa Ansari alitoka kwenda kusali Isha, asirudi. Mkewe akaja kwa Umar. Umar akauliza watu wake, wakamsadiki mwanamke. Akamwamuru angoje miaka minne, kisha akae eda ya miezi minne na siku kumi, kisha akamruhusu kuolewa. Baadaye mume akarudi, akadai kuwa alitekwa na majini. Umar akamhiyarisha baina ya mkewe na mahari yake.

Zingatia, ndugu msomaji: madai ya majini yapo ndani ya kisa hiki, na bado hukumu haikujengwa juu yake. Ilijengwa juu ya kutoweka, muda, ushahidi wa jamaa na amri ya kiongozi. Umar hakumwita mganga. Mafakihi wakahitilafiana baada yake. Wamaliki wakashika miaka minne, Shafi katika kauli yake mpya akasema mke hangojei muda maalumu bali mpaka ithibiti kifo au talaka, lakini wote walizungumza kwa lugha ya yakini na ushahidi.

Na huyo ni aliyetoweka. Ama aliyekufa mbele ya watu, akaoshwa, akasaliwa na akazikwa, kanuni ni kwamba yakini haiondolewi na shaka. Mirathi yake itagawanywa, madeni yake yatalipwa, mjane wake atakaa eda na akipenda ataolewa. Anayewaambia jamaa kuwa maiti wao yu hai mahali fulani, huenda akamzuia mjane, akawadhulumu mayatima, na akawafungulia mlango waganga wale mali yao. Na aliyemwendea mwaguzi na kumuuliza, imethibiti katika Sahihi Muslim onyo la kutokubaliwa sala yake siku arubaini.

Nasaha

Hatuombi matembezi yafungwe. Kutembea katika ardhi na kuzingatia mwisho wa waliotangulia ni jambo la Qur'ani, na usiku wa Bahla una utulivu unaofaa kwa mazingatio. Njia ibaki ile ile. Penye ukuta wasimuliwe wajenzi. Kwenye msikiti wa ijumaa, ulio pembeni mwa ngome na wenye mihrabu iliyochongwa kwa ufundi mkubwa, ataje waliosali hapo. Penye mti wa sokoni aseme, "Watu husimulia hivi, na hatuna dalili," kisha amtaje Ibn Baraka. Na akiulizwa juu ya aliyepotea, auache mzaha, amwelekeze muulizaji kwa kadhi.

Tuliporudi kwenye magari nilimwendea yule bibi pamoja na mwanawe, nikamweleza hukumu niliyoitaja hapo juu. Alisikiliza mpaka mwisho, akamuombea rehema ndugu yake kwa jina lake. Mwanawe akaniambia kuwa hiyo ndiyo mara ya kwanza amemsikia akimuombea kama maiti.

Wallahu a'lam.