Bahari Iliyochafuka katika Sinema Bubu

Katika filamu ya Louis Lumière ya mwaka 1895, isiyotimia dakika moja, watu watatu watoka bandarini kwa mashua ya makasia. Wanawake wawatazama kutoka gatini. Mara wimbi laipiga mashua ubavuni, na picha yakatika. Mfasiri atakayeiita "meli katika dhoruba" atakuwa amekosea mara mbili. Meli haimo, na dhoruba ni upepo mkali wenye mvua, ambao haumo pia. Mabaharia wetu husema bahari imechafuka, nasi twaona latosha. Mwanafunzi wa Kitangari, wilayani Newala, ambaye huenda hajaiona bahari, hasikii mvumo wowote humo. Atategemea neno la mwalimu tu. "Bubu" nalo halituridhishi, ila limekwisha zoeleka.