Jina Bila Shamba: Kumsoma Upya Tess wa Hardy

Mara ya kwanza kuisoma Tess of the d'Urbervilles nilikuwa na haraka. Nilishajua, kama wengi wetu tunavyojua kabla hata ya kufungua kitabu, kwamba kuna msichana atakayeharibiwa maisha na wanaume wawili na mwisho wake ni kitanzi. Basi sura ya kwanza niliipita mbio. Mzee mlevi, kasisi mpenda mambo ya kale, maongezi ya kuchekesha barabarani. Nikasema haya, mwandishi anatuchangamsha tu, hadithi iko mbele. Mwaka huu nimekirudia kitabu taratibu, na nimeona nilikosea. Hadithi iko palepale, katika sura ile niliyoiruka.

Kwa ambaye hajaisoma: jioni moja ya mwezi Mei, John Durbeyfield, mchuuzi wa kijijini, anarudi nyumbani kwa miguu. Anakutana na Kasisi Tringham aliyepanda farasi, na kasisi anamsalimia "Sir John". Mzee anashangaa. Mbona unaniita hivyo, na mimi ni Jack Durbeyfield mchuuzi tu? Kasisi anamweleza kwamba katika kupekua nyaraka za historia ya wilaya amegundua kuwa Durbeyfield ni d'Urberville, ukoo wa makabaila waliotoka Normandy pamoja na William Mshindi mwaka 1066. Mzee anauliza swali ambalo maskini yeyote angeuliza: sasa majumba yetu yako wapi? Na mashamba? Anajibiwa kwamba hana. Zamani yalikuwepo tele, sasa hakuna hata moja. Walichobakiwa nacho ni makaburi huko Kingsbere, yenye sanamu za mawe juu yake.

Kasisi anajiendea zake. Kwake yeye hayo yalikuwa maongezi tu. Lakini tazama kinachofuata. Mzee anakunywa usiku ule kusherehekea ukubwa wake, anashindwa kuamka kupeleka mizinga ya nyuki sokoni. Anakwenda Tess badala yake, usiku wa giza, na mdogo wake. Usingizi unampitia, gari la barua linawagonga, farasi wa familia anakufa. Farasi ndiye aliyekuwa mkono wa kulia na kinywa cha nyumba ile. Hapo mama anakumbuka lile jina: kuna tajiri mmoja anaitwa d'Urberville, bila shaka ni ndugu yetu, nenda ukajitambulishe. Tess anakwenda, anakutana na Alec, na yaliyobaki tunayajua. Ukifuata uzi nyuma kutoka kwenye kitanzi, unafika mpaka kwenye faili la kasisi.

Sasa, jina lenyewe Hardy hakulitunga hewani. Katika mkoa wa Dorset, kusini mwa Uingereza, kulikuwa na ukoo wa kweli ulioitwa Turberville. Makaburi yao yamo katika kanisa la Bere Regis, ambalo katika riwaya ndilo Kingsbere. Hardy alikuwa mwenyeji wa Dorset na alikisoma kwa bidii kitabu kikubwa cha historia ya mkoa huo kilichoandikwa na John Hutchins, chenye nasaba za koo za pale moja baada ya nyingine.

Jina kama hili ni tamu kwa mfuatiliaji. Ukimtafuta babu wa mtu aitwaye Smith utazama, maana kila kijiji kilikuwa na mhunzi. Lakini Turberville ni jina la nadra, linatokana na mahali Normandy, na kila unapolikuta unahisi umekuta alama ya mguu. Waingereza nao wana karatasi. Tangu 1538 makanisa yao yaliamriwa kuandika ubatizo, ndoa na maziko, na tangu 1837 serikali inaandikisha vizazi na vifo. Kwetu wengi, mtoto wa Juma ni Ali Juma, mjukuu ni Hassan Ali, na hapohapo Juma ameshatoka kwenye cheti. Jina la Kiingereza halibanduki namna hiyo. Linatoka kwa baba kwenda kwa mwana, karne baada ya karne, hata kama kila kitu kingine kimepotea.

Ila sikio la mwandishi wa daftari si mashine. Turberville iliandikwa Turbervile, ikawa Turbyfield, ikawa hata Troublefield, yaani kama vile "shamba la taabu". Masikio ya wanavijiji yalilichukua jina la Kifaransa lisilo na maana kwao na kulipa maana ya Kiingereza. Durbeyfield ya Hardy imezaliwa kwa njia hiyohiyo. Ukijua hili, mzaha wa kasisi unaanza kuuma: kinachomtofautisha Sir John na Jack ni matamshi, na matamshi hufuata hali ya mtu. Ukoo uliobaki na shamba ulibaki pia na tahajia yake.

Hebu tuwatazame basi hao Turberville wa kweli, maana ndani ya riwaya watu wanaongea sana kuhusu damu ya ukoo na tabia yake. James Turberville alikuwa Askofu wa Exeter kuanzia 1555. Elizabeth alipotawala na kuwataka maaskofu waape kumtambua kuwa mkuu wa Kanisa, James alikataa, na mwaka 1559 akavuliwa uaskofu. George Turberville alikuwa mshairi. Mwaka 1568 alikwenda Urusi akiwa katibu wa balozi Thomas Randolph, na akawaandikia rafiki zake mashairi ya kuwasema Warusi vibaya. Mwaka 1575 akatoa kitabu cha ufugaji wa ndege wa kuwindia. Daubeney Turberville alikuwa tabibu wa macho wa Salisbury. Samuel Pepys, yule mwandishi wa shajara, alimwendea mwaka 1668 akihofia kupofuka. Na yupo Edward Turberville, wa upande wa Wales, aliyepanda kizimbani mwaka 1680 akaapa kwamba Lodi Stafford alimshawishi amuue mfalme. Stafford alikatwa kichwa mwezi Desemba mwaka huohuo. Leo wanahistoria wanajua kwamba ile "njama ya Wakatoliki" ilikuwa uzushi, na ushahidi wa akina Edward ulikuwa wa uongo.

Ona hapo. Turberville mmoja anakataa kuapa kile asichokiamini na anapoteza cheo. Mwingine anaapa uongo na mtu anapoteza kichwa. Jina ni moja. Ukitaka kuniambia kwamba jina hilo lina tabia inayorithiwa, nitakuuliza: ipi kati ya hizo?

Kuna jambo la pili. Kasisi Tringham anathibitisha madai yake kwa Orodha ya Abasia ya Battle, inayosemekana kuwataja waliopigana upande wa William mwaka 1066. Anaitaja kama mtu anayetaja cheti cha kuzaliwa. Lakini orodha ya awali haipo. Zilizopo ni nakala za karne nyingi baadaye, zinapingana zenyewe kwa zenyewe, na koo zilizotaka ukubwa zilikuwa na kila sababu ya kujichomeka humo. Kwa hiyo hata mzizi wa ule mti mkubwa wa kasisi umepandwa kwenye mchanga. Hardy hasemi lolote. Anamwacha kasisi aongee kwa uhakika wote wa msomi aliye likizo.

Na la tatu ni hesabu tu. Una wazazi wawili, mababu na mabibi wanne, wa nyuma yao wanane. Rudi vizazi kumi, nafasi ni 1024. Jina la ukoo linafuata nafasi moja tu kati ya hizo: baba wa baba wa baba. Wengine 1023 wametupwa nje. Kutoka kwa mzee Durbeyfield mpaka 1066 ni vizazi zaidi ya ishirini. Wakulima, watumishi na wanawake wote waliomfanya Tess kuwa Tess hawana hata mstari kwenye faili la kasisi, kwa sababu hawakuwa na jina la kuvutia.

Hardy analielewa hili vizuri, na ndipo anapoweka kejeli yake kali kuliko zote. Yule "ndugu" tajiri, je? Baba yake Alec aliitwa Simon Stoke, mfanyabiashara kutoka kaskazini. Alipotaka kuhamia kusini na kuishi kama bwana wa mashamba, aliona Stoke ni jina la dukani. Basi akaenda Makumbusho ya Uingereza, akatumia saa moja kufungua vitabu vinavyohusu koo zilizokufa au zilizofilisika, akaona d'Urberville linapendeza, akalichukua. Saa moja tu! Sheria ya Uingereza haimzuii mtu kujipachika jina. Kwa hiyo aliye nalo kwa kuzaliwa anaitwa Durbeyfield na hana farasi. Asiyekuwa nalo kabisa ameliandika kwenye geti. Tess anapofika pale na kusema "sisi ni ndugu", ni yeye ndiye anayeonekana mwombaji anayejipendekeza.

Hapa kuna wasomaji wanaosema riwaya inafundisha kwamba Tess ndiye kabaila wa kweli na Alec ni bandia. Mimi nasoma tofauti. Nadhani Hardy anatuonyesha kwamba neno "wa kweli" halina kazi hapo. Akina d'Urberville wa kale walipata ukubwa kwa kuvamia na kuchukua ardhi. Simon Stoke aliupata kwa biashara, na inasemwa pengine riba. Hata msimulizi, usiku ule wa msituni Alec anapomwangamiza Tess, anakumbusha kwamba bila shaka mababu zake Tess, waliovaa chuma, waliwatenda wasichana wa wakulima vivyo hivyo. Halafu papo hapo anakataa kwamba hiyo ni haki. Kwa nini Tess alipe deni la watu ambao hata ardhi yao hakurithi?

Lakini nina ugomvi na Hardy, na sitauficha. Kwa upande mmoja anaicheka nasaba. Kwa upande mwingine hawezi kuiacha. Katika nyumba ya Wellbridge, usiku wa harusi, ukutani kuna picha mbili za wanawake wa d'Urberville, za kutisha, na sura ya Tess inaonekana ndani yake. Angel anakaribia kumwendea mke wake, anaiona picha mojawapo, anageuka. Kuna hadithi ya gari la farasi la ukoo linalosikika kabla ya balaa. Tess anapomchoma Alec kisu, Angel anawaza kuhusu kasoro fulani katika damu. Eti damu! Kama hayo ni mawazo ya Angel peke yake, sawa, ni mtu wa kuchukia koo kuu asubuhi na kumlaumu mkewe kwa ukoo jioni. Lakini hizo picha hakuzitundika Angel, kazitundika mwandishi. Nyumba yenyewe ipo, na picha za aina hiyo zilikuwa ukutani kweli. Hardy aliziona, zikamshika.

Nadhani sababu iko karibu zaidi. Katika sura za maziwani, bwana Crick anataja koo za kale zilizokuwa na bonde lote na sasa zinaweza kununuliwa kwa bei ya karanga. Miongoni mwa majina hayo, katikati, kimyakimya, lipo Hardy. Mwana wa fundi mwashi, aliyependa kuamini kwamba anatokana na akina le Hardy wa Jersey, amejiweka mwenyewe kwenye orodha. Kwa hiyo yule mzee mlevi barabarani si mtu wa mbali kwake. Hilo linaifanya riwaya iwe na ufa, na kwa maoni yangu ufa huo ndio unaoifanya iwe hai. Mwandishi anajua kwamba jina halilishi mtu, na bado linamwasha.

Ukurasa ninaoupenda kuliko yote uko karibu na mwisho. Mzee Durbeyfield amekufa, na mkataba wa nyumba umekufa naye. Familia inafukuzwa. Mama anaamua waende Kingsbere, kwa mababu. Wanafika, vyumba walivyotaka vimeshachukuliwa. Vyombo vinashushwa kando ya ukuta wa kanisa, kitanda kinatandikwa nje, chini ya dirisha lenye jina la ukoo. Tess anaingia ndani kwenye makaburi, na juu ya jiwe mojawapo anainuka mtu aliyedhaniwa sanamu. Ni Alec. Anamwambia kwamba yeye d'Urberville bandia anaweza kumsaidia kuliko hao wa kweli wote walio chini ya sakafu. Anasema kweli, na hilo ndilo linalochoma.

Swali la yule mzee wa sura ya kwanza limejibiwa hapo. Mashamba yetu yako wapi? Kitanda cha watoto kiko nje, na mababu wako ndani wamelala.