Hongereni, mafundi wa brashi

Kampeni zikianza Tunduma, wagombea hushukuru kila mtu jukwaani isipokuwa fundi wa kuchora mabango. Tangu vyama vingi virudi mwaka 1992 amepata wateja wa kila rangi: kijani na njano ya CCM asubuhi, bluu na nyekundu ya Chadema jioni. Brashi haina kadi ya chama.

Mwangalie akianza. Anavuta uzi uliopakwa chaki, anauachia upige ukuta, mstari umenyooka. Jina analianzia herufi ya katikati, lisije likaishiwa nafasi. Rangi ya mafuta ikiwa nzito, anaongeza tina kidogo. Mtihani ni sura ya mgombea: pua ikikosewa, mtaa mzima unacheka.

Kule California, msanii Rupert García alianza kuchapa mabango ya siasa wakati wa mgomo wa wanafunzi wa 1968; leo kazi zake zimo kwenye makumbusho. Za mafundi wetu hufutwa kwa chokaa, na mashine za kuchapa turubai zinawanyang'anya wateja kwa bei. Kwa ubora, sidhani. Turubai hupauka mapema. Dereva wa lori anayesubiri kuvuka mpaka kwenda Nakonde, Zambia, bado anaipata gereji kwa herufi za mkono.