Mtandao wa Chumba cha Ndani

Jibondo, kusini mwa kisiwa kikubwa cha Mafia, ni mwamba wa matumbawe. Udongo ni haba, maji ya kunywa kwa miaka mingi yaliletwa kwa mashua, na nyumba nyingi zimejengwa kwa mawe ya matumbawe na kuezekwa mabati. Ukitaka kujua kama mpangaji wa mawasiliano ya simu ni fundi kweli, mpe kijiji kama hiki, umwambie mtandao ushike mpaka chumba cha ndani.

Mabati huyarudisha mawimbi ya redio karibu yote. Jiwe huyanywa, na masika yakililowesha hunywa zaidi. Hasara hiyo hupimwa kwa desibeli: ukuta ukila desibeli 10, kinachopita ni sehemu 1 ya 10; ukila 20, sehemu 1 ya 100. Mawimbi basi hutafuta upenyo: dirisha la mbao, mlango ulio wazi, mwanya kati ya ukuta na paa. Wimbi la megahezi 900 lina urefu wa sentimita 33 hivi, la megahezi 2100 sentimita 14. Lile refu hupinda kona vizuri zaidi na kwa kawaida hupoteza kidogo ukutani. Masafa ya juu yana nafasi pana ya kubebea data, lakini mara nyingi nguvu zake huishia sebuleni.

Ndiyo maana mpangaji mzuri haamini ramani ya mtandao iliyopakwa rangi kutoka ufuko hadi ufuko. Rangi ile ni habari za uwanjani. Yeye hupiga hodi, akikaribishwa hupima mlangoni, ukumbini, chumbani. Simu ikiwa sikioni, kisha ikiwa kitandani, kisha mlango umefungwa, maana ndivyo watu wanavyolala. Wala hafikirii kusikia peke yake. Mnara hutuma kwa makumi ya wati. Simu ya 4G kwa kawaida hutuma kwa moja ya tano ya wati. Vijiti vya mtandao vinaweza kuonekana kwenye kioo na sauti ya mpigaji isifike.

Bahari nayo ina lake. Mawimbi yanayovuka maji huja kwa njia mbili, moja kwa moja na kwa kuakisiwa, na yakikutana vibaya huuana. Maji yakijaa na kupwa wakati wa bamvua, njia ile ya pili hubadilika, na kipimo cha asubuhi si cha jioni. Jibondo inasifika kwa mafundi wa majahazi wanaounda chombo kwa jicho, bila mchoro. Mpangaji ana kompyuta, lakini jicho la namna hiyo linamlazimu.

Ninachokienzi zaidi katika kazi hii ni akiba. Mpangaji huongeza desibeli 10, 15, hata 20 kwa ajili ya ukuta tu, na kila desibeli ina gharama: mnara wa karibu zaidi, antena iliyoinuliwa zaidi. Mwenye hesabu atauliza kwa nini, kama uwanjani simu tayari inaita. Jibu ni mama aliyeshikwa na uchungu usiku, mumewe yuko baharini, naye hawezi kutoka nje kutafuta mtandao. Mpango usiomfikia alipolala haujakamilika, hata ramani iwe imejaa rangi.