Mawingu Kiasi ni Kiasi Gani? Uhakiki wa Istilahi za Hali ya Hewa katika Usafiri wa Ndege

Msikilizaji wa redio katika nchi yetu amekwisha kuizoea sentensi hii: kutakuwa na hali ya mawingu kiasi, mvua katika maeneo machache na vipindi vya jua. Sentensi ni fasaha, haina kosa la sarufi, na mkulima, mvuvi na mama anayeanika mpunga wake wote huipokea bila ya taabu. Lakini sentensi hiyo hiyo ikihamishwa kutoka redioni na kutiwa katika kitabu cha mafunzo ya wapimaji wa hali ya hewa, au katika taarifa ya uchunguzi wa ajali ya ndege, huzuka swali ambalo lugha haina budi kulijibu: kiasi ni kiasi gani? Katika makala haya tunakusudia kulichunguza swali hilo pamoja na mengine yaliyo jamaa yake, na kutoa mapendekezo machache ili wafasiri, walimu na watumishi wa serikali wayapime.

Wapo watakaosema kwamba kazi hii ni ya bure. Rubani na mwongoza ndege wa kwetu huzungumza Kiingereza wawapo kazini. Shirika la Kimataifa la Usafiri wa Anga, ambalo msingi wake ni Mkataba wa Chicago wa tarehe 7 Desemba 1944, lina lugha sita za kazi, na Kiswahili hakimo. Taarifa ya hali ya hewa ya uwanja wa ndege huandikwa kwa herufi za mkato na tarakimu, nayo husomeka vivyo hivyo Dodoma na Tokyo. Basi Kiswahili kina haja gani na mambo ya mawingu?

Hoja hiyo ni ya kweli, ila haitoshi. Taarifa ya mawingu haikomei mikononi mwa rubani. Hufika darasani, mahakamani, Bungeni na gazetini; na huko kote hufika kwa Kiswahili. Tarehe 6 Novemba 2022 ndege ya abiria iliyotoka Dar es Salaam ilianguka katika Ziwa Viktoria ilipokuwa inakaribia kutua Bukoba. Watu 43 walikuwamo, na 19 kati yao walifariki. Wavuvi wa pale pale ndio waliokuwa wa kwanza kuifikia. Hatusemi hata kidogo kwamba maneno ndiyo yaliyoleta msiba ule. Tunasema kwamba taifa zima liliuliza kwa Kiswahili ni nini kilichotokea, na katika habari za siku zile jibu lililorudiwa mara kwa mara lilikuwa “hali mbaya ya hewa”. Mbaya kwa nani, na kwa kipimo gani? Mvua iliyo njema kwa shamba la migomba yaweza kuwa mbaya kwa ndege inayotua. Neno “mbaya” ni hukumu. Istilahi haitoi hukumu, hutaja kitu na mipaka yake.

Kwamba neno lisilo na mipaka laweza kuwa na gharama kubwa, historia ya usafiri wa anga inashuhudia. Tarehe 27 Machi 1977, katika uwanja wa Los Rodeos kisiwani Tenerife, ndege mbili kubwa ziligongana juu ya njia ya kurukia, wakafa watu 583. Wingu lilikuwa limeshuka hata likaifunika njia, na marubani wa ndege moja hawakuweza kuiona ndege ya pili mpaka saa ya kuokoka ilipokwisha kupita. Katika giza hilo kilitamkwa kifungu cha maneno ambacho mwongoza ndege alikifahamu kuwa ndege imesimama mahali pa kuanzia ikingojea ruhusa, kumbe ilikuwa imekwisha kuanza kukimbia. Baada ya msiba ule maneno ya kazi hiyo yalikazwa: neno la kuruka halitamkwi ila pale ruhusa yenyewe ya kuruka inapotolewa au kufutwa. Wingu lilificha macho, na lugha ikaficha maana. La kwanza hatuna uwezo nalo. La pili tunalo.

Sasa na turejee kwenye “kiasi”. Mpimaji wa hali ya hewa anapotazama juu huigawa mbingu katika sehemu nane, na kila sehemu huitwa okta. Mawingu yakifunika sehemu 1 au 2 hupewa jina lake. Sehemu 3 au 4, jina la pili. Sehemu 5 hadi 7, jina la tatu. Na sehemu zote 8, jina la nne. Mpaka ulio muhimu kupita yote ni ule ulio kati ya 4 na 5, kwa sababu tabaka la mawingu linalofunika zaidi ya nusu ya mbingu, likiwa chini ya mita 6,000, ndilo linalohesabiwa kuwa dari. Rubani huruhusiwa au hukatazwa kuendelea kwa kutegemea dari hilo. “Mawingu kiasi” huvuka mpaka huu bila kubisha hodi: yaweza kuwa okta 3, yaweza kuwa okta 5.

Tumepata kuona tafsiri ya mafunzo, ambayo ofisi iliyoiandaa hatutaitaja, ambamo daraja la tatu liliitwa “mawingu yaliyovunjika”. Mfasiri aliitazama lugha ya kigeni akausahau mdomo wa Mswahili. Wingu halivunjiki kama mtungi. Msemaji wetu huona mawingu yametanda, yamefunga, yametawanyika au yameachana. Kwa hiyo tunapendekeza madaraja manne haya: mawingu machache kwa okta 1 na 2; mawingu yaliyotawanyika kwa okta 3 na 4; mawingu yenye mianya kwa okta 5 hadi 7; na mawingu yaliyotanda kwa okta 8. Katika daraja la tatu yatajwayo ni mianya, na hilo linamkumbusha msomaji kwamba sasa wingu ndilo lililo wengi na uwazi ndio ulio mchache. Tulilifikiria pia neno “mavundevunde”, nalo ni neno tamu. Lakini wasemaji hulitumia kwa mawingu yaliyotapakaa pasipo kuyahesabu, na kulifunga kwa okta kungekuwa kulinyima uhuru wake bila ya faida. Neno “dari” lenyewe tunalikubali. Ni sitiari, lakini ni sitiari iliyo nyumbani kwetu.

Kosa la pili lipo katika neno “urefu”. Husomwa mara nyingi kwamba mawingu yalikuwa katika urefu wa mita kadhaa. Urefu kutoka wapi? Katika taarifa ya uwanja wa ndege wingu hupimwa kutoka usawa wa uwanja wenyewe, bali katika utabiri wa maeneo mapana aghalabu hupimwa kutoka usawa wa bahari. Chukua mfano wa uwanja wa Jomo Kenyatta huko Nairobi, ambao upo takribani mita 1,620 juu ya bahari. Wingu lililo mita 1,900 kutoka usawa wa bahari lipo mita 280 tu juu ya njia ya kutulia. Mfasiri akiandika “mita 1,900” peke yake, msomaji ataona anga pana mahali ambapo rubani aliona utosi wa wingu umekaribia magurudumu yake. Twashauri neno “kimo” litumike kwa kipimo cha kutoka ardhini au uwanjani, na “mwinuko” kwa kipimo cha kutoka usawa wa bahari. “Urefu” na uachiwe kamba na barabara.

La tatu ni “mvua ya radi”. Kiswahili kina utajiri hapa, nasi tunauchezea. Umeme ni ule mwanga. Ngurumo ni ile sauti. Radi ni lile pigo linalopasua mnazi. Katika upimaji wa uwanjani, ngurumo ikisikika pale uwanjani huandikwa hata kama hakuna tone la mvua lililodondoka. Anayefasiri alama hiyo kwa “mvua ya radi” ameongeza mvua isiyokuwapo. Na siku ambayo hakuna mvua, msomaji atadhani kwamba hatari nayo haipo. Hatari haimo katika mvua peke yake: imo katika wingu lenyewe, katika upepo wake na mtikisiko wake. “Dhoruba ya ngurumo” ingefaa zaidi, na mvua itajwe kando inapokuwapo.

Hali kadhalika “ukungu”. Kwa mpimaji, upeo wa kuona ukiwa chini ya mita 1,000 kwa sababu ya matone madogo yaliyoelea hewani, huo ni ukungu kamili. Ukiwa kati ya mita 1,000 na 5,000, hicho ni kitu kingine chenye jina lake. Sisi vyote viwili huviita ukungu, na wakati mwingine hata vumbi na moshi vinavyofifisha upeo huingizwa humo humo. Lugha inalo neno “kungugu”, ambalo siku hizi halina kazi nyingi. Twaonelea lipewe kazi hiyo ya ukungu mwepesi. Vumbi na moshi viitwe kwa majina yake.

Yabaki majina ya mawingu yenyewe. Mwaka 1802 Luke Howard, mfanyabiashara wa dawa wa London, aliyagawa mawingu na kuyapa majina ya Kilatini: sirusi, yaani kishungi cha nywele, kumulusi, yaani lundo, stratusi, yaani kilichotandazwa, na nimbusi, wingu la mvua. Mwaka huo huo Lamarck wa Ufaransa naye alitoa majina yake kwa Kifaransa. Ya Howard yakaenea duniani, ya Lamarck yakasahauliwa. Sababu moja inayotajwa ni kwamba Kilatini hakikuwa mali ya taifa lolote moja la wakati huo. Atlasi ya kimataifa ya mawingu, iliyotolewa kwanza mwaka 1896 na kufanyiwa marekebisho makubwa mwaka 2017, ingali inafuata mfumo huo, ikiwa na jinsi 10 za mawingu.

Kwa hiyo katika jambo hili hatuungi mkono wale wanaotaka kila jina lipate neno la Kibantu. Majina 10 na yatoholewe kutoka Kilatini moja kwa moja, wala si kutoka matamshi ya Kiingereza. Mwalimu na ayafafanue darasani: kumulusi ni wingu la lundo, stratusi ni wingu la tandiko. Isipokuwa wingu moja twalitakia majina mawili. Kumulonimbusi, mama wa dhoruba, ambalo rubani hufunzwa kulikwepa, liwe pia na jina ambalo mvuvi wa Mwanza na abiria wa Mafia wanaweza kulishika: wingu la ngurumo.

Mwisho, tukumbuke kwamba zipo hatari ambazo hazionekani mpaka zipewe jina. Tarehe 24 Juni 1975 ndege ya abiria ilianguka ilipokuwa inatua katika uwanja wa Kennedy huko New York wakati wa dhoruba, wakafa watu zaidi ya 100. Profesa Tetsuya Fujita aliichunguza ajali hiyo, akasema kwamba hewa nzito ilishuka kwa kasi kutoka winguni, ikapiga chini na kutapakaa pande zote. Akalipa jambo hilo jina. Wapo wataalamu waliolitilia shaka, lakini vipimo vilivyofuata vilimthibitisha. Leo marubani hufunzwa kulitambua, na viwanja vingi vina vyombo vya kulitahadharisha. Sisi bado hatuna jina lililokubaliwa. Twapendekeza “mporomoko wa hewa”, kwa mfano wa mporomoko wa ardhi, kwani kila aliyeona mlima ukiporomoka ataelewa kwamba kitu kizito kinashuka na kwamba aliye chini hana nafasi ya kubishana nacho.

Mapendekezo haya si amri. Yatafaa yakijaribiwa darasani na katika vituo vya upimaji, na yakikataliwa yakataliwe kwa hoja. Redio na iendelee kuwaambia wananchi habari za mawingu kiasi, kwa kuwa mama mwenye mpunga hahitaji okta. Lakini katika kitabu cha mafunzo, katika taarifa ya uchunguzi, na mbele ya hakimu, “kiasi” kisipewe kiti. Waliofiwa wanapouliza kwa Kiswahili, yafaa wajibiwe kwa Kiswahili chenye kipimo.