Tuhfatul Mawdud: Tutenganishe Hukumu na Tiba ya Zama

Miongoni mwa vitabu vya wanachuoni wetu kuhusu mtoto, Tuhfatul Mawdud cha Ibnul Qayyim (691–751 H / 1292–1350 M) kina nafasi ya pekee. Milango yake 17 inaeleza akika, jina, kunyoa nywele, tohara na malezi. Anayedai kuwa watu wa kale hawakuutambua utoto, na akisome.

Mlango wa 16 una faida nyingi za afya. Mtoto atosheke na maziwa mpaka aanze kuota meno. Asitembezwe kabla ya wakati wake. Alindwe na sauti za kutisha. Aachishwe ziwa kidogo kidogo, si kwa ghafla.

Hata hivyo, humo humo mna kauli inayohitaji kusimamiwa. Anasema ni bora mtoto anyonyeshwe na mwanamke mwingine siku mbili au tatu za mwanzo, kwani maziwa ya mama wakati huo ni mazito. Akaitilia nguvu kwa desturi ya Waarabu na kunyonyeshwa Mtume (s.a.w.) kwa Bani Saad. Dalili hiyo inathibitisha kwamba yajuzu kutafuta mnyonyeshaji. Haithibitishi kwamba maziwa ya mwanzo yana madhara. Rai hiyo ni ya matabibu: Soranus, tabibu wa Kiyunani, alikwisha kuyakataza maziwa hayo katika karne ya 2 M.

Mafakihi wa Kishafii walisema kinyume chake. Imam Nawawi (aliyefariki 676 H / 1277 M), katika Minhaj inayosomeshwa mwambao wetu, amemuwajibishia mama kumnyonyesha mwanawe al-liba'i, yaani dang'a, hata kama baadaye atanyonyeshwa na mwingine. Sababu waliyoitaja ni kuwa mtoto kwa kawaida haishi bila ya maziwa hayo.

Leo tunajua kwamba dang'a ina kinga dhidi ya maradhi, na Shirika la Afya Duniani linahimiza mtoto anyonyeshwe ndani ya saa moja baada ya kuzaliwa. Nao wapo bado wanaoikamua na kuimwaga, wakidhani ni uchafu.

Basi imamu anayedarsisha kitabu hiki asiipite kauli hiyo kimya, na anayekifasiri aiwekee maelezo. Kumheshimu Ibnul Qayyim si kuigeuza tiba ya zama zake kuwa sharia, hali kichanga ndiye atakayelipa kosa letu.

Wallahu a'lam.