Mgongo wa Namche

Namche Bazaar, mji mdogo wa Nepali kwenye njia ya kuelekea Everest, uko mita 3,440 juu ya usawa wa bahari, na gari halifiki. Nyumbu na yaki husaidia, helikopta pia kwa wenye fedha. Lakini mbao, bati na katoni za bia vingi hupanda kwa mgongo wa mtu.

Mpagazi hupanga mzigo ndani ya doko, tenga la mianzi, kisha hupitisha ukanda chini yake na kuuvuta hadi utosini. Shingo ndiyo hubeba. Mara nyingi mzigo hukaribia uzito wa mwili wake, na wapo wanaouzidisha. Akichoka hatui, huchomeka fimbo yake fupi yenye umbo la T chini ya tenga, akapumua wima, maana kuuinua upya kungemmaliza. Hatua kadhaa, pumziko, hatua tena. Kutoka bonde la mto Dudh Koshi, kipande cha mwisho ni mkweo mtupu, saa kwa saa, hewa ikizidi kuwa nyepesi.

Jumamosi ni siku ya gulio. Trei za mayai hupangwa chini, mayai mazima. Mnunuzi hubishania bei.